Mikono ya Stelingi

Kama kuna siku moja ya ujana wangu ninayoikumbuka mpaka rangi yake, mwanangu, ni ile niliyofika kazini mikono yote miwili nimeitia mifukoni na sitaki kuitoa. Ami Twaha alinipa mkono tusalimiane, nami nikamjibu kwa kichwa. Fikiria, kijana wa Mtongwe kutoupokea mkono wa mkubwa wake! Alinitazama, akautazama ule mkono wake uliobaki hewani, akasema, "Athumani, umeumia?"

"La, Ami."

"Umeiba?"

"La, Ami."

"Basi toa hiyo mikono, nami nione."

Nikaitoa. Ilikuwa imekolea hina kuanzia ncha za vidole hadi katikati ya viganja, nyekundu ya kuiva, nyekundu ya kupendeza, nyekundu ambayo bibi harusi yeyote angeiomba. Ami Twaha akaketi juu ya sanduku la kamera. Mwishowe akasema, taratibu kabisa, "Mashallah. Na mahari yako imelipwa na nani?"

Huyu Ami Twaha hakuwa ndugu ya baba yangu. Mtongwe nzima ilimwita Ami. Ujanani alibeba magunia kwenye maghala ya Changamwe, halafu akanunua kamera ya video, ile kubwa ya kukaa begani, akawa anarekodi harusi za wanaume na maulidi. Baadaye akaingiwa na hamu ya filamu. Hadithi alitunga mwenyewe, kamera alishika mwenyewe, na makelele ya kutusimamia alipiga mwenyewe. Mimi nilikuwa stelingi wake, yaani mwigizaji mkuu. Nilikuwa nimemaliza sekondari, nina sura, nina sauti, na nina kioo kidogo ambacho hakikutoka mfukoni mwangu ila kwa kujitazama.

Ningependa nikuambie kwamba nilikuwa mwigizaji mzuri. Kweli ni kwamba nilikuwa na tabia mbaya, na tabia yenyewe ilifanana na ubora kwa mbali. Kila tulipoanza kurekodi, mimi nilijua kamera iko wapi na taa iko wapi. Nilijisogeza. Ukisimama nami kwenye picha, utakuta bega langu limekupita, na uso wako umeingia kivulini. Wenzangu walilalamika. Nami nikawajibu kwamba watu wanalipa kiingilio kumwona stelingi, si kumwona jirani wa stelingi.

Ami Twaha alikuwa na sharti moja la kazi: hadi filamu iishe, mtu asibadilishe kitu mwilini mwake. Hakuna kunyoa, hakuna kukata nywele, hakuna kuota ndevu mpya. Filamu hairekodiwi kwa mpangilio wa hadithi, mwanangu. Leo mnaweza kurekodi mazishi na kesho mkarekodi posa, na marehemu akishanyoa hapo katikati mmeharibikiwa. Sharti hilo nililishika. Nywele zangu ziliota kama kichaka na sikuzigusa. Ila kichwani mwangu filamu ilikuwa ni uso. Kwamba kamera nayo huona mikono, hilo halikunijia hata kidogo.

Basi rafiki yangu Feisal akaoa. Mimi nikawa mpambe wake. Mkesha wa nikaha, shangazi yake akaja na kibakuli cha hina kumpaka bwana harusi, kidogo tu, kama desturi. Nami kumwona Feisal ameketi pale katikati, watu wote wanamtazama yeye, vigelegele vyote ni vyake, roho yangu haikutulia. Nikanyoosha mikono.

"Shangazi, na mimi."

"Wewe waoa nani?"

"Mimi naoa kamera."

Watu wakacheka, na hicho ndicho nilichokitaka. Shangazi akatikisa kichwa, akanipaka. Nikamwambia aongeze. Akaongeza. Bwana harusi mwenyewe alitoka na vidole vya rangi ya chai ya maziwa, na mpambe wake akatoka na mikono ya rangi ya embe la kuiva. Siku ya walima nilikula kwa vidole vilivyonyooka ili kila mtu avione.

Sasa sikiliza kilichokuwa kikinisubiri. Filamu yetu ilikuwa ya kijana aliyetoroka nyumbani akaenda kuwa mchukuzi bandarini, asirudi wala asipeleke salamu. Anaporudi, mama yake amekwisha kupoteza macho. Watu wanamwambia mama, mwanao huyu hapa, lakini mama haamini maneno. Anaiomba mikono ya mgeni, anaipapasa, na kwa mikono ile anamtambua. Hadithi yote ilikuwa inaelekea hapo. Na kipande hicho ndicho tulichokuwa hatujakirekodi.

Mama huyo aliigizwa na Mama Kadzo wa Mishomoroni. Alikuwa mtu mzima, mjane, mwimbaji wa kwaya kanisani kwao, na alikuwa ameigiza jukwaani tangu usichana wake. Kila kulipokuwa na mchezo wa kuigiza Kisauni, Mama Kadzo alikuwemo. Lakini jukwaani watu wa nyuma humwona mtu kama kidole, sauti ndiyo inayowafikia. Aliwahi kuniambia, huku akimenya muhogo wakati wa mapumziko, "Mwanangu, nimelia jukwaani maisha yangu yote na hakuna aliyewahi kuliona chozi langu. Nataka nilione hata mara moja."

Na siku ile ilikuwa ya mwisho kwake. Mwanawe wa kiume alikuwa amemjengea nyumba kwao Kaloleni, na gari la kumhamisha lilikuwa linakuja kesho yake asubuhi. Vyombo vilikwisha fungwa. Mwana mwenyewe hakuwa mtu wa kupenda mambo ya filamu. Alimkubalia mama yake siku ile moja na akasema hakuna nyingine. Kwa hiyo ama Mama Kadzo arekodiwe leo, ama aende na chozi lake Kaloleni.

Alikuwa ameketi kwenye kiti cha kamba chini ya dirisha la ukumbi wa Ami Twaha, amejifunga leso ya kuchakaa, tayari. Alipoiona mikono yangu alishika kinywa. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka mpaka mabega yanatikisika.

"Ami Twaha," akasema, "huyu mwanangu alikwenda kubeba magunia au alikwenda kuolewa?"

Tukaanza kuhangaika. Nilisugua ndimu. Nikasugua majivu. Mke wa Ami Twaha akaniletea sabuni ya kufulia na burashi ya kusugulia sufuria, nikasugua mpaka ngozi ikaanza kuwaka, na kwa kuwaka ikazidi kuwa nyekundu. Nikapendekeza nivae glavu.

"Mchukuzi wa magunia na glavu," Ami Twaha akasema. "Mpe na kofia ya rubani."

Nikapendekeza mama anipapase uso badala ya mikono. Nadhani unaliona pendekezo hilo lilikotoka.

Jua la alasiri lilikwisha kuanza kuingia dirishani, na ndilo Ami Twaha alilokuwa amelingoja tangu asubuhi, kwa sababu hatukuwa na taa za maana. Akalitazama jua, akamtazama Mama Kadzo, kisha akaitazama mikono yake mwenyewe, kana kwamba ni mara ya kwanza kukutana nayo. Ilikuwa mikono mipana yenye sugu, kucha mbili zimeharibika tangu zama za maghala. Akaingia chumbani. Alipotoka alikuwa amevaa shati langu la kuigizia, lile lililochanika mkono.

"Mimi nitakuwa mikono," akasema. "Wewe utakuwa macho. Ndoo, simama hapa."

Sikumwelewa. Akanisukuma nyuma ya kamera, akaiweka juu ya miguu yake mitatu, akanionesha kitufe cha kurekodi, akanionesha namna ya kuvuta picha karibu bila kuirusha, na pa kuishika ikibidi igeuzwe. "Mtazame mama. Usinitazame mimi, mimi sina uso leo. Anza kwenye mikono, panda polepole mpaka usoni, kisha baki naye. Kitufe ukibonyeze mara moja tu. Umeelewa?"

"Nimeelewa, Ami."

Sikuwa nimeelewa. Nilikuwa nimeona haya kuuliza. Stelingi mzima, mbele ya watu, aulize kitufe? Neno hilo dogo, nimeelewa, limenigharimu kuliko maneno yote niliyopata kuyasema, nawe nakuomba ulitie akilini kwa sababu nitalirudia.

Ami Twaha akapiga magoti mbele ya kiti. Mama Kadzo akafumba macho, akayafumbua, na yalipofumbuka hayakuwa yakiona kitu. Nikabonyeza kitufe. Kisha, kwa wasiwasi, nikakibonyeza tena ili nihakikishe.

Akaichukua ile mikono. Akaanza kuipapasa kama anatafuta kitu kilichoanguka. Akafika kwenye sugu, akasimama. "Umebeba nini, mwanangu," akasema, "hata mikono ikawa hivi?" Na chozi likamtoka, moja, likashuka taratibu na mwanga wa dirisha ukalipata hapo hapo. Nilikuwa nimefanya kazi na mama yule miezi, na Mungu ni shahidi, sikuwahi kumtazama. Nilipokuwa mbele yake nilikuwa naitafuta kamera. Sasa sikuwa na pengine pa kutazama. Nililiona chozi lile likifika kidevuni.

"Haya, zima," Ami Twaha akasema.

Nikakibonyeza kitufe, na hapo ndipo kitaa chekundu cha kamera kilipowaka. Nikakikodolea macho. Kumbe kinawaka unapoanza. Nilipokibonyeza mara ya kwanza nilianza kurekodi, na nilipokibonyeza mara ya pili nilizima. Mkanda haukuwa na kitu.

Ami Twaha aliinuka, akaja, akakitazama kile kitaa, akageuka ukutani. Nadhani aligeuka ili asinipige. Mimi nilikuwa nimesimama na mikono yangu mizuri ikining'inia, na kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe nilitamani nisionekane na mtu yeyote.

Nikaenda mbele ya Mama Kadzo, nikapiga magoti pale pale alipopiga Ami. "Mama, nimekosa," nikamwambia. "Chozi lako sikulichukua. Nilibonyeza mara mbili. Sikujua, na sikuuliza."

Alinitazama, yeye na macho yake mazima. Halafu akajifuta uso kwa pembe ya leso, akasema, "Basi lile nimemwigizia Mungu. Hili la pili ndilo lenu. Nenda kaulize kitufe."

Nikaenda kuuliza. Niliuliza kila kitu. Niliuliza kitaa kikiwaka maana yake nini, na kikizima maana yake nini, na mkanda umebaki kiasi gani, na jua likihama nifanye nini. Ami Twaha alinijibu yote, mwanzo kwa hasira, kisha kwa kuchoka, na mwishowe, nikaona, kwa furaha. Nadhani hakuna aliyewahi kumuuliza.

Jua lilikuwa limepanda ukutani kidogo. Tukasogeza kiti. Nikabonyeza mara moja, nikakiona kitaa, nikatulia.

Mara ile ya pili Mama Kadzo hakulia. Sijui kwa nini, na sikuwahi kumuuliza. Aliipapasa mikono, akasema maneno yake yale yale, kisha akanyamaza. Kwa hadithi ya Ami Twaha, kipande kilikuwa kimekwisha hapo. Nilisikia pumzi ya Ami, nikajua anataka kusema zima. Lakini nilikuwa namtazama mama usoni, na uso ule ulikuwa bado una kitu. Nikainua mkono wangu mmoja mwekundu kumzuia Ami Twaha asiseme. Naye, mzee yule mwenye makelele yake, akanyamaza kwa amri ya kijana.

Mama Kadzo akaiinua ile mikono mpaka puani. Akainusa, kama mama anavyomnusa mtoto mchanga utosini. Kisha akatabasamu, na hapo ndipo chozi lilipokuja, juu ya tabasamu, na lote likaingia mkandani.

Kesho yake gari likamchukua. Alizunguka kwanza hadi Mtongwe kutuaga na vyungu vyake vimefungwa juu ya paa la gari, na alichoniambia dirishani ni hiki tu: "Hina ikitoka, usiisahau."

Uso wangu tuliurekodi baadaye, mimi nikijifanya napapaswa na mtu asiyekuwepo. Ami Twaha akaunganisha, ikawa mtu mmoja: uso wangu na mikono yake. Tukaionesha filamu katika ukumbi mmoja hapa Likoni. Watu walijaa mpaka wengine wakakaa kwenye madirisha. Mama Kadzo alikuja kutoka Kaloleni pamoja na mwanawe, yule asiyependa filamu, aliyekaa amekunja mikono kifuani. Kile kipande kilipofika, nikasikia pua zinavutwa huku na huku. Mwanawe alikunjua mikono. Mama Kadzo aliegemea mbele, akaitazama sura yake kubwa ukutani, akaliona chozi lake likishuka. Aliitikia kwa kichwa mara moja, kama mtu aliyeona mgeni wake amefika salama.

Taa zilipowashwa watu wakanivamia. Unajua walichokisifu?

"Athumani, mikono! Wallahi ile mikono imeniliza!"

"Ile mikono inasema, ndugu yangu. Ulifanyaje?"

Nikamtafuta Ami Twaha. Alikuwa amesimama karibu na mlango, ananitazama, na mikono yake yote miwili ameitia mifukoni. Alikuwa anajizuia kucheka. Nami, mwanangu, nikasema ahsante. Nikazipokea sifa zile mlangoni mwa ukumbi, nikaendelea kuzipokea sokoni, msikitini, kwenye feri, miaka na miaka. Kila mtu aliponisifu mikono mbele ya Ami Twaha, yeye alitia yake mifukoni. Ulikuwa mzaha wetu. Lakini mzaha huo uliniweka mimi juu na yeye chini, na alipofariki nilikuwa bado sijamwambia mtu. Kwa hiyo sasa nakwambia wewe, na uwaambie na wengine: mikono ile ilikuwa ya Twaha, mchukuzi wa Changamwe. Mungu amrehemu.

Usiku ule ule wa kuonesha filamu, Mama Kadzo alisikia watu wakinisifu, akanivuta kando. Aliushika mkono wangu, akaugeuza kwenye mwanga. Hina ilikuwa imetoka viganjani, imebaki kwenye ncha za kucha tu, kama mwezi mwandamo. Akapitisha dole gumba juu yake.

"Waache waisifu ile," akasema. "Mimi naijua iliyoniona."

Tangu hapo nilikuwa nimeshapotelea nyuma ya kamera, kama wanavyosema vijana. Niliendelea kuigiza, maana tumbo lina haki yake na sura ilikuwa bado ipo, lakini kila nilipomaliza kipande changu nilirudi nyuma ya kamera. Baadaye watu walianza kuniita kwa ajili ya kamera, wakauliza kama naweza pia kuigiza, na nikajua kwamba nimevuka. Nilirekodi waigizaji wengi. Waliokuwa kama mimi niliwatambua mapema, wale wa kusogeza bega, na sikuwagombeza. Niliwaita, nikawasimamisha nyuma ya kamera, nikawaambia: mtazame mwenzio. Na bado nilikuwa mgumu kwa mke wangu na watoto, ambao niliwatazama kidogo kuliko wageni. Hilo nalo ni langu, sina wa kumsingizia. Lakini nao sasa tunakaa barazani jioni, na wananicheka vizuri.

Siku hizi nawaona nyinyi vijana wa Mtongwe na Shelly Beach mkirekodi filamu kwa simu, na moyo wangu unafurahi. Mnacho mikononi kitu ambacho Ami Twaha angekiuzia nyumba. Simu zenu zina kamera mbele na kamera nyuma, na naona ile ya mbele ndiyo inayochoka.

Nasaha yangu basi, mwanangu, ni hii. Penda kuonekana, si dhambi, mimi nilipenda na bado napenda. Ukija kwangu utanikuta nimechana ndevu. Lakini kila ukisimama mbele ya watu, tenga muda wa kwenda nyuma na kumtazama mwingine mpaka mwisho, mpaka baada ya maneno yake kwisha, maana mara nyingi kilicho chake hutoka hapo. Usiseme umeelewa kabla hujaelewa. Haya ya kuuliza hupita kabla chai haijapoa, na mimi chozi moja la Mama Kadzo nimelitafuta maisha yangu yote silipati. Sifa ikikujia nayo ni ya mtu mwingine, mpelekee angali hai, ili atoe mikono yake mifukoni. Na ukialikwa harusini kuwa mpambe, mwache bwana harusi apakwe hina peke yake.

Nenda kazini, mwanangu. Mola akupe mtu wa kukutazama kwa jicho la huruma, akupe nawe jicho la kumtazama mwenzio, na mikono yako, iwe na hina au iwe na sugu, aijaalie kazi njema. Amin.